Kadi 200 zimehamishwa duka: kesi za kugombea wateja wa maduka ya mgao India

Mtanga wa Pune

Wakuu, juzi kuna mtu aliandika humu kwamba serikali ikifungua maduka yake ya unga na mchele wa bei nafuu kila mtaa basi tabu imekwisha. Sikumjibu siku ile maana jibu langu ni refu. Nimesoma sheria Pune, India, miaka minne, na mwaka wa mwisho nilikaa miezi kadhaa kwa wakili mmoja nikijifunza kazi, na mafaili mengi niliyopewa kusoma yalikuwa ya wenye maduka ya mgao wanashtaki serikali. Hawagombei bei wala ubora wa mchele, wanagombea wateja. Yaani mteja mwenyewe ndiye anayebishaniwa.

Niwaeleze kwanza jambo lenyewe linavyokwenda. India wana sheria ya usalama wa chakula ya 2013, inayofikia mpaka asilimia 75 ya watu wa vijijini na asilimia 50 ya watu wa mijini, jumla zaidi ya watu milioni 800. Kaya ya kawaida iliyo kwenye orodha inapata kilo 5 za nafaka kwa kila mtu kwa mwezi, na kaya za hali ya chini kabisa, hizi wanaziita Antyodaya, zinapata kilo 35 kwa kaya. Nilipokuwa kule mchele ulikuwa rupia 3 kwa kilo na ngano rupia 2, kuanzia Januari 2023 wanapewa bure. Nafaka inatoka maghala ya serikali lakini anayekupimia ni mwenye duka mwenye leseni, na maduka hayo yanazidi laki 5 nchi nzima. (Laki yetu na laki yao ni neno lilelile, na wao duka wanaliita dukan, kwa hiyo siku ya kwanza nilivyosikia "rashan ki dukan", yaani duka la mgao, nilielewa kabla sijafundishwa.)

Sasa kila kaya ina kadi ya mgao, na kadi hiyo inaandikwa kwenye duka fulani. Duka namba fulani lina kadi 480, jirani yake lina 610, na kila duka linaletewa mzigo kufuatana na kadi zake. Mwenye duka hapandishi bei, analipwa kamisheni kwa kila kwintali (kilo 100) aliyopima. Kwa hiyo utajiri wake wote ni ile hesabu ya kadi. Ukimpunguzia kadi umemkata mshahara.

Mama mwenye nyumba niliyopanga alikuwa na kadi, na duka lake lilikuwa nyuma ya hekalu dogo, dakika tano kwa miguu. Nilimsindikiza mara nyingi kumbebea mzigo. Mlangoni kuna ubao wenye chaki, mchele kiasi gani umebaki, ngano kiasi gani, ukiingia ndani unapokelewa na harufu ya magunia ya juti, halafu kuna kimashine cha alama za vidole cha kukutambua. Yule mama amefua nguo za watu miaka thelathini, vidole vimelainika mpaka mistari imefutika, anaweka dole gumba mashine inakataa, anajifuta na ncha ya sari anaweka tena, inakataa, anajaribu kidole cha kati. Mwenye duka alikuwa anamfahamu, anamwambia kaa pembeni mama tutajaribu tena foleni ikipungua. Na kweli ikipungua anamwita.

Siku moja akaenda akaambiwa kadi yako haiko hapa tena. Ofisi ya ugavi ilikuwa imefungua duka jipya ng'ambo ya barabara kuu, na ili duka jipya lipate wateja wamekata kadi 200 kutoka la zamani. Ya kwake imo. Duka jipya kwa ramani lilikuwa karibu tu, lakini ramani haionyeshi kwamba barabara ile ina njia sita za magari na kivuko kipo mbali, na mtu wa miaka sitini na kitu mwenye kilo 20 kichwani hawezi kukimbia lori. Na yule wa duka jipya hamjui, kidole kikikataa anamwambia mwingine.

Mwenye duka la zamani akaenda Mahakama Kuu. Sio faili lile nililosoma kwa wakili, ila niliyoyasoma yalifanana nalo kama pacha. Anasema nimepunguziwa kadi bila kusikilizwa, nina kodi ya pango, nina kijana wa kupima namlipa, duka halitajiendesha. Duka jipya nalo linajibu, mimi nimeomba leseni kihalali, nimepewa kadi chache hata hivyo. Ofisi inasema tumegawa kwa ajili ya kuwasogezea wananchi huduma. Pande tatu zina mawakili. Kwenye faili moja kulikuwa na amri ya kurasa moja na nusu, imeambatanishwa orodha ya namba za kadi, mstari kwa mstari, mamia ya kaya, na mimi nikatafuta mahali ambapo hata kaya moja iliulizwa inataka kwenda duka gani. Hakuna. Hilo ndilo lililonifanya niandike uzi huu.

Kijana wa Likoni

Mkuu umenifunza kitu, mimi nilidhani ration ni mambo ya vita vya zamani. Hapa Kenya 2017 unga wa serikali uliwekwa shilingi 90 pakiti ya kilo mbili, lakini ulikuwa unauzwa duka lolote na shida ilikuwa kuupata, unafika unaambiwa umeisha. Hakuna aliyesema wewe ni wa duka la fulani. Sasa nauliza, kwa nini mteja afungwe kwa duka moja? Si wangeacha tu kila mtu aende anakotaka?

Mtanga wa Pune

Kijana wa Likoni, swali lako ndilo lenyewe. Sababu ya kumfunga ni mzigo. Serikali ikitaka kupeleka gunia 200 kwenye duka lazima ijue watakuja watu wangapi, na zamani hakukuwa na mashine, kulikuwa na daftari tu. Kadi ikiwa kwenye daftari la duka moja, mtu hawezi kuchukua hapa asubuhi na kule jioni. Pili ni kulilinda duka lenyewe, maana kijijini duka likikosa kadi za kutosha mwenyewe anafunga, halafu kijiji kizima kinatembea mpaka kijiji cha pili.

Agizo la serikali kuu la 2015 kuhusu mgawo huu linasema idadi ya kadi kwa duka iwe ya kiasi kinachofaa na duka liwe mahali ambapo mwenye kadi hapati tabu kufika. Maneno mazuri, lakini kinachofaa ni ngapi? Hapo kila jimbo lina kipimo chake na hapo ndipo kesi zinazaliwa. Na zipo za aina nyingi. Kuna hizi za kugawanya duka moja kuwa mawili. Kuna za duka lililosimamishwa kwa kosa, kadi zake zinabandikwa kwa muda kwa jirani, jirani anazizoea mwaka mzima, halafu mwenzake anashinda rufaa anataka kadi zake na jirani hataki kuziachia. Kuna nyingine wananchi wenyewe wanapeleka karatasi ya saini kuomba kuhamia duka la karibu, mwenye duka anasema saini zimeghushiwa, wanaanza kubishana saini badala ya umbali.

Babu wa Ilala

Vijana hamjambo. Mimi nimeishi enzi za ugawaji hapa Dar, miaka ya themanini mwanzoni, RTC, kampuni ya biashara ya mkoa, ikileta na sisi tunapanga foleni tangu alfajiri tunaweka mawe kushika nafasi. Unga ulikuwa wa njano tunaita Yanga. Orodha ya kaya anaandika balozi wa nyumba kumi, na duka lako ni lile lililoandikwa, ukienda duka la mtaa wa pili wanakuuliza balozi wako nani.

Sasa anachosema huyu Mtanga kuhusu kuhamishwa bila kuulizwa mimi kilinipata. Tulikuwa tunachukua kwenye duka lililotazamana na nyumba yetu, ghafla nyumba zetu kumi zikapelekwa duka lingine ng'ambo ya bonde. Mke wangu alikuwa na mimba ya mtoto wetu wa tatu, mimi zamu ya usiku, akawa anakwenda yeye. Mvua ikinyesha lile bonde halipitiki, ukikosa siku hiyo sukari yako imekwenda, kesho huwezi kuidai. Tukamwambia balozi, balozi akasema hata yeye ameletewa. Hatukwenda popote, nani angekwenda mahakamani kwa ajili ya kilo mbili za sukari, na huo ndio wakati wa msako wa wahujumu uchumi 1983, watu walikuwa wanatupa sabuni na sukari usiku wakiogopa kukutwa nazo. Kwa hiyo hao Wahindi kwamba wanaweza hata kushtaki, mimi naona wametupita.

dada_wakili

Shikamoo mzee. Ila naomba niseme kitu, kwenye maelezo ya Mtanga anayeshtaki ni mwenye duka, sio mama wa kadi. Huyo mama yuko palepale alipokuwa mkeo.

Kisheria kule wanaingia kwa Ibara ya 226 ya katiba yao, inayoruhusu kwenda moja kwa moja Mahakama Kuu kupinga uamuzi wa serikali, kama sisi tunavyofanya mapitio ya mahakama. Na hoja ya mwenye duka mara nyingi inakwama kwenye ukuta uleule: leseni sio shamba lako. Majaji wamerudia mara nyingi kwamba mwenye duka hana haki ya kudumu ya kuwa na idadi fulani ya kadi, mpango upo kwa ajili ya mlaji, yeye ni wa kusambaza tu. Anachoweza kushinda ni utaratibu. Kama wamempunguzia kadi bila taarifa wala sababu, amri inafutwa na ofisi inaambiwa anza upya, msikilize. Basi miezi sita inapita, wanamsikiliza, wanakata kadi zilezile 200, safari hii na sababu zimeandikwa.

Hii ya kuziachia kadi imefika mpaka Mahakama ya Juu. Mwaka 2015 kwenye shauri kutoka Uttar Pradesh walisema aliyepewa duka baada ya mwenzake kufutiwa leseni hana haki yake mwenyewe ya kudai asikilizwe kwenye rufaa ya yule wa kwanza. Mwaka 2022, shauri lingine kutoka jimbo hilohilo, wakasema aliyepewa duka kwa utaratibu kamili anapaswa kusikilizwa. Nimezisoma zote mbili na nilichogundua ni kwamba ukiondoa majina ya wenye maduka, wale wanaokula ule mchele wametajwa kama idadi tu.

Duka la Kona Tandale

Mimi nina duka, la kawaida sio la serikali, na nitamsemea mwenye duka maana naona kila mtu kamgeukia. Mtu kalipia pango, kanunua mizani, kakaa miaka kumi mtaa anaujua, anajua nani mgonjwa nani kafiwa, halafu anakuja mtu kutoka ofisini anachora mstari katikati ya wateja wake. Mngekuwa nyie mngekaa kimya? Na hiyo kamisheni ni kiasi gani hasa?

Mtanga wa Pune

Kaka uko sahihi kabisa na sikutaka kumfanya adui, yule wa nyuma ya hekalu alikuwa mtu mwema. Tupige hesabu. Kiwango cha serikali kuu kilichowekwa 2022 kwa majimbo ya kawaida ni rupia 90 kwa kwintali, na rupia 21 juu yake kwa mauzo yanayopita kwenye mashine, baadhi ya majimbo yanaongeza yao. Chukua duka la kadi 500, kila kadi watu wanne, kilo 5 kila mtu, hiyo ni kilo 20 kwa kadi na kwintali 100 kwa mwezi. Zidisha kwa 111 unapata rupia 11,100. Hapo hujalipa pango, umeme, kijana wa kupima, na magunia yanayofika yamepungua uzito njiani ambayo hakuna wa kukufidia. Ondoa kadi 200, anabaki na rupia 6,660. Mtu mwenye familia Pune hawezi, kwa hiyo atafunga au ataanza kupunja mizani, na akipunja anayeumia ni yule mama. Ndio maana nasema kugawa kadi sio jambo dogo la karani, ukikosea unamfukarisha huyu na unamwibia yule kwa mkono wa huyu.

Chhattisgarh mwaka 2004 walikata shauri moja kwa moja, wakawaondoa wenye maduka binafsi na kuwapa maduka serikali za vijiji, vyama vya ushirika na vikundi vya akina mama. Watu wengi wanaoufuatilia mgao wa India wanalitaja jimbo hilo kati ya yale yaliyobadilika sana. Mimi nadhani siri mojawapo ni kwamba kikundi cha akina mama wa kijiji kinachogawa mchele, wateja wake ni wao wenyewe.

Mkulima wa Songea

Nasoma hapa naona kama mnaongelea mbolea ya ruzuku. Tumesajiliwa vizuri, namba tunayo, tangu msimu wa 2022/2023, lakini wakala aliye karibu na mimi mfuko unaisha na wa mjini anao, nauli ya kwenda na kurudi na mzigo inakula ile nafuu yote. Hatujafungwa kwa wakala mmoja kama hao ila mzigo wenyewe ndio umefungwa, unapelekwa mjini. Kwa hiyo uhuru wa kuchagua duka bila mzigo kuwepo kwenye duka ni uhuru wa karatasi tu.

Mtanga wa Pune

Mkulima umegusa mwisho wa hadithi yangu kabla sijafika, ngoja nimalizie.

Kuanzia Agosti 2019 wakaanza mpango wa kadi moja nchi nzima, mwanzo majimbo manne, Gujarat na Maharashtra upande mmoja, Andhra Pradesh na Telangana upande mwingine. Kadi ya jimbo la Bihar ichukue mchele Mumbai, jimbo lingine, kidole chako ndio kitambulisho. Raipur kule Chhattisgarh walishaanza 2012 kwa duka lolote ndani ya mji, wakauita Meri Marzi, maana yake nipendavyo mimi. Halafu Korona ikaja, mkaona wenyewe wale vibarua walivyotembea barabarani mamia ya kilomita kurudi makwao, Juni 2021 Mahakama ya Juu ikaamuru kila jimbo liwe limeingia kwenye mpango huo kabla ya mwisho wa Julai, na Assam ikafunga orodha Juni 2022. Kwa hiyo kwa maandishi ile kesi ya kadi 200 haina maana tena, mama anaweza kwenda nyuma ya hekalu, anaweza kwenda ng'ambo, hakuna wa kumzuia.

Wenye maduka nao hawakulala. Delhi serikali ilipotaka kumpelekea mtu mgao mpaka mlangoni kwake, chama cha wenye maduka kilikwenda Mahakama Kuu na Mei 2022 kikashinda. Bengal Magharibi nako Septemba mwaka huohuo Mahakama Kuu ikasema mpango wao wa mlangoni unakwenda kinyume na ile sheria ya 2013. Mimi hapo nimegawanyika kwa dhati. Namwelewa mwenye duka anayeogopa kufutika, na namfikiria mtu asiyeweza kutembea.

dada_wakili

Na yule mama alirudi duka lake la zamani?

Mtanga wa Pune

Alirudi dada. Nilimpigia mwaka jana, tunaongea Kihindi changu cha kuvunjika anacheka. Kesi ya mwenye duka sijui iliishaje, nadhani ilimfia mkononi baada ya mfumo kubadilika. Akaniambia alikwenda nyuma ya hekalu mara ya kwanza, kidole kikakataa, akaambiwa kaa pembeni mama, akakaa kwenye ngazi kama zamani, foleni ikapungua akaitwa, cha kati kikakubali, mashine ikatoa kikaratasi.

Ila mwezi uliofuata alikwenda tarehe 19 akakuta ubaoni mchele umeandikwa sifuri. Mzigo wa duka lile unaletwa kwa hesabu ya kadi zilizoandikwa pale, na ya kwake bado imeandikwa ng'ambo, na watu waliorudi kama yeye ni wengi. Mwenye duka anaomba nyongeza, nyongeza inachelewa. Mchele wake upo, umelala kwenye duka la ng'ambo unamsubiri. Nikamuuliza sasa unafanyaje, akasema siku hizi anakwenda tarehe 2 au 3, mapema kabla wengine hawajafika, na akichelewa anamtuma mtoto wa jirani amshike mkono wavuke wote barabara.

Babu wa Ilala

Mpe salamu zangu huyo mama ukimpigia tena.